Nyumba ya milioni sita, malipo ya milioni kumi na tano

Barua nyingi za mwezi huu, kutoka hapa Mombasa, Kenya, zina swali moja lililovaa nguo tofauti: nyumba ya mkopo itanila kiasi gani mpaka hatimiliki iwe mkononi mwangu? Ili hesabu zisikuchanganye, tumetumia mfano mmoja tangu juu hadi chini. Nyumba ni ya Sh6,250,000. Mnunuzi ametoa Sh1,250,000 mfukoni, na benki imetoa Sh5,000,000 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, inayohesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, kwa miaka 20. Riba ya benki yako ikiwa tofauti, tarakimu zitabadilika lakini mwendo wake ni ule ule.

*Nafanya kazi bandarini. Benki imenipa barua ya ofa: mkopo wa milioni 5, riba asilimia 14, rejesho Sh62,176 kwa mwezi, miaka 20. Mwenzangu kazini aniambia nilipe miaka mitano kisha niuze, kwani robo nzima ya deni itakuwa imeshaondoka. Ni kweli?*
Msomaji, Tudor

Si kweli, wala haikaribii kweli. Mwenzako amegawanya miaka 20 kwa mafungu manne akadhani na deni hugawanyika hivyo.

Chukua rejesho la mwezi wa kwanza. Deni ni milioni 5. Riba ya mwezi ni asilimia 14 gawa kwa 12, yaani Sh58,333. Umelipa Sh62,176. Toa riba, kilichobaki kupunguza deni ni Sh3,843, basi. Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya Sh4,996,157, nayo inapungua kwa shilingi arubaini na tano tu. Ndivyo linavyojikokota, pole pole kama jahazi lisilo na upepo.

Baada ya miaka 5 utakuwa umelipa Sh3,730,560, na deni litakuwa Sh4,668,800. Umepunguza Sh331,200 tu. Baada ya miaka 10 umelipa karibu milioni 7.46, na bado unadaiwa takriban milioni 4. Deni linafika nusu mwaka wa 16. Ukimaliza miaka yote 20, jumla ni Sh14,922,000 na ushei: milioni 5 ulizokopa, na milioni 9.9 za riba.

Kwa hivyo anayeuza mwaka wa 5 hategemei deni kupungua; anategemea nyumba kupanda bei. Ikipanda vizuri, atatoka na faida. Isipopanda, akiondoa gharama za kununua na za kuuza, anaweza kutoka mikono mitupu hali amelipa milioni tatu na laki saba. Na faida ikipatikana, kuna kodi ya asilimia 15 juu yake tangu Januari 2023, isipokuwa kwa nyumba uliyokaa mwenyewe miaka 3 mfululizo kabla ya kuiuza.

Fanya jambo moja kabla ya kutia sahihi: waombe benki jedwali la marejesho la miezi yote 240, lenye safu ya riba, safu ya kupunguza deni na safu ya salio. Wanalo kwenye kompyuta. Ni kubonyeza tu. Ukipewa karatasi yenye rejesho la mwezi peke yake, rudi. Uliza pia jumla ya gharama ya mkopo ikiwa na ada zote ndani, kwa maana riba ya tangazoni haina ada.

*Afisa wa mikopo asema nikichukua miaka 25 mzigo utapungua. Mume wangu ataka 15. Tunagombana bure?*
Msomaji, Bamburi

Hamgombani bure, bibie, hapo ndipo pesa zilipo. Kwa milioni 5 ile ile na riba ile ile, rejesho la miaka 25 ni Sh60,188. La miaka 20 ni Sh62,176. La miaka 15 ni Sh66,587.

Tazama tofauti. Kutoka 20 kwenda 25 unapumua Sh1,988 kwa mwezi, haifiki hata elfu mbili, na unalipa zaidi ya milioni 3.1 juu yake. Kutoka 20 kurudi 15 unaongeza Sh4,411 kwa mwezi na unaokoa zaidi ya milioni 2.9. Riba ikiwa juu namna hii, miaka mingi haipunguzi mzigo wa mwezi kwa kiasi cha maana, kwa sababu karibu rejesho lote la mwanzo ni riba tupu, na riba haijali umepewa miaka mingapi.

Miaka 25 ina maana pale tu ambapo bila hiyo mshahara hauruhusu. Sheria ya Ajira ya 2007 inataka makato yote yasizidi theluthi mbili za mshahara, na benki nyingi hukaza zaidi ya hapo. Kama hamna njia ila 25, chukueni 25 kisha mlipe kama wa 15 kila mnapoweza, baada ya kusoma jibu la msomaji wa Changamwe hapa chini.

*Nilikopa kwa rejesho ambalo halijabadilika hata senti. Juzi nimeitisha taarifa ya mkopo, naona mwisho wa deni umesogea mbele miaka mingi. Nani amenichezea?*
Msomaji, Mikindani

Hakuna aliyekuchezea kwa siri, ila huenda kuna barua ulipata hukuisoma. Riba yako ni ya kubadilika, ikapanda, na benki badala ya kuongeza rejesho imeongeza muda.

Katika mfano wetu, baada ya miaka 2 deni ni Sh4,894,300. Riba ikipanda kutoka 14 hadi 15, riba ya mwezi inakuwa Sh61,178. Rejesho lako la Sh62,176 linabakisha chini ya shilingi elfu moja ya kupunguza deni. Miezi 216 iliyobaki inageuka 333. Asilimia moja imekuongezea karibu miaka 10! Ikipanda hadi 16, riba ya mwezi ni Sh65,257, zaidi ya unacholipa; sasa deni linakua kila mwezi na wewe unalipa bila kukosa. Ili umalize kwa wakati wake, rejesho lingepaswa kuwa Sh69,217.

Riba hupanda na kushuka na kiwango cha Benki Kuu. Kati ya Aprili 2020 na Mei 2022 kiwango hicho kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa 13. Kuanzia Agosti 2024 kikaanza kuteremshwa. Sheria iliyofungia riba za benki ilidumu kuanzia Septemba 2016 hadi Novemba 2019 tu, kwa hivyo usitegemee dari. Benki Kuu sasa imeleta mfumo unaoigawa riba vipande viwili: kiwango cha rejea kinachoitwa KESONIA, na nyongeza ya benki yenyewe, inayoitwa K. Kiwango cha rejea hukiwezi. Kuhusu K, bishana.

Sheria ya Ardhi ya 2012 inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi ya siku 30 kabla ya kubadilisha riba ya rehani, na ikuandikie riba mpya kwa lugha inayoeleweka. Itafute barua hiyo. Kama hukuletewa, dai kwa maandishi. Kama ililetwa, andika uombe rejesho lipandishwe ili muda urudi ulipokuwa. Itauma mwezi kwa mwezi, lakini ni nafuu kuliko miaka 10. Na siku riba inaposhuka usingoje benki ikukumbuke: nyingi hupandisha haraka na kushusha kwa kukumbushwa.

*Nina dipoziti ya milioni 1.25 kamili. Nataka fleti, Nyali au Mtwapa. Nitahitaji nini kingine?*
Msomaji, Kongowea

Utahitaji karibu nusu milioni nyingine kabla hujapewa ufunguo. Watu wengi hukwama hapa, wakakopa tena pembeni kwa simu, na hiyo ndiyo huwa mwanzo wa kuchelewesha marejesho.

Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani: Sh250,000 kwa nyumba yetu. Thamani ni ile atakayoiona mthamini wa serikali, si lazima bei mliyoandikiana, na akiona nyumba ni ya milioni 7 utalipia milioni 7. (Anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa serikali wa nyumba za gharama nafuu husamehewa ushuru huu.) Kuandikisha rehani kuna ushuru wake wa asilimia 0.1 ya mkopo, Sh5,000. Benki hutoza ada ya kupanga mkopo. Ikiwa asilimia 1 ni Sh50,000, na ushuru wa bidhaa wa asilimia 20 juu yake, jumla Sh60,000. Kisha mawakili, nao ni wawili: wako, na wa benki anayetayarisha rehani, na wote wawili unawalipa wewe. Chukua asilimia 1.5 kwa wa kwanza na 1 kwa wa pili, ongeza VAT ya asilimia 16, ni kama Sh166,750. Mthamini wa benki, tuseme Sh18,000. Jumla yake ni karibu Sh500,000, yaani asilimia 8 ya bei. Ada za mawakili na benki zinajadilika. Ushuru haujadiliki.

Baada ya ufunguo kuna gharama zisizoisha. Benki itakutaka uwe na bima ya maisha inayofunika deni na bima ya moto ya jengo. Tuseme Sh25,000 kwa mwaka. Ada ya huduma ya jengo (mlinzi, taa za ngazi, takataka, pampu, lifti kama ipo) tuseme Sh6,000 kwa mwezi. Matengenezo, asilimia 1 ya bei kwa mwaka. Kwa miaka 20 hivyo vitatu pekee ni karibu milioni 3.2, hata kama bei hazitapanda, na zitapanda. Kuna pia reti za kaunti. Nyali unalipa Mombasa. Mtwapa uko Kilifi, usipeleke pesa kwa kaunti isiyo yako.

Hapa pwani tunaongeza na chumvi. Hewa ya bahari inaingia kwenye zege, nondo zinaota kutu, zinavimba, zege linapasuka na kuanguka vipande. Kabla ya kununua fleti iliyo karibu na ufuo, usitazame jiko na vigae peke yake. Tazama chini ya roshani za ghorofa ya juu yako, na dari ya maegesho: mistari ya rangi ya kutu au plasta iliyopakwa viraka ni nondo zinazoliwa. Tazama vyuma vya madirisha. Onja maji ya mferejini. Kama ni ya kisima cha chumvi, hita na mabomba hayatadumu, na utanunua maji ya bowza ya kunywa na kupikia. Muulize katibu wa chama cha wenye fleti mfuko wa ukarabati una shilingi ngapi. Jengo la miaka 15 lenye mfuko mtupu litakuletea bili siku moja, na benki haitakuuliza kama rejesho la mwezi huo unalo.

Mwisho, hati. Hakikisha fleti ina hati yake yenyewe chini ya Sheria ya Sehemu za Majengo ya 2020, na kama ardhi ni ya kukodi kutoka serikalini, uliza imebaki miaka mingapi. Mkopo wa miaka 20 juu ya ardhi yenye miaka 30 iliyobaki ni kumaliza deni na kubakiwa na miaka 10 ya kuuza. Nani atanunua? Benki ya mnunuzi wako nayo itakataa.

Ukijumlisha yote katika mfano wetu, dipoziti, gharama za mwanzo, marejesho na utunzaji, ni kama milioni 19.9. Lakini kuna kinachorudi. Anayenunua nyumba ya kukaa mwenyewe kwa mkopo wa taasisi inayotambuliwa na sheria ya kodi anaruhusiwa kuondoa riba hadi Sh360,000 kwa mwaka katika mapato yanayotozwa kodi. Kabla ya Desemba 2024 kikomo hicho kilikuwa Sh300,000. Kwa aliye katika daraja la asilimia 30 ni Sh9,000 kwa mwezi, na kwa miaka 20 ni karibu milioni 1.9. Mpelekee mwajiri cheti cha riba kutoka benki, au ujaze mwenyewe kwenye ritani ya mamlaka ya kodi, KRA. Usipodai hupewi.

*Kodi nalipa Sh35,000 na mwenye nyumba hanijui ila tarehe tano. Si bora hizo pesa zinijengee changu?*
Msomaji, Kizingo

Huenda, lakini si kwa sababu kwamba kodi ni pesa iliyopotea. Riba nayo imepotea vile vile. Mwaka wa kwanza wa mfano wetu riba ni wastani wa Sh58,000 kwa mwezi, na kinachokujengea chako ni kama Sh4,100. Unahama kutoka kupoteza 35,000 kwenda kupoteza 58,000, na hujaweka bima wala ada ya jengo.

Yaliyo upande wa kununua ni mengine. Kodi itapanda na rejesho, kama riba itatulia, halitapanda. Sh62,176 za mwaka wa 18 hazitauma kama za leo, kwa vile mshahara utakuwa umesonga. Na hakuna wa kukutoa kwa notisi ya mwezi mmoja. Kama una nia ya kukaa hapo miaka 10 au zaidi, hesabu inaanza kuelekea kwako. Ukijua utahamishwa kikazi baada ya miaka 4, lipa kodi bila aibu.

Kabla ya kukata tamaa, uliza benki au SACCO yako kama ina mikopo inayofadhiliwa na KMRC, kampuni iliyoanzishwa 2018 kuwapa wakopeshaji pesa za muda mrefu kwa bei nafuu. Yenyewe haikukopeshi, wewe unapitia kwao, na kuna kikomo cha mkopo. Milioni 5 kwa asilimia 9.5 na miaka 20 ni Sh46,607 kwa mwezi. Ni zaidi ya Sh15,500 pungufu kila mwezi, na zaidi ya milioni 3.7 kwa jumla.

*Nimepata kiinua mgongo, laki tatu. Mkopo wangu una mwaka mmoja. Niziweke kwenye mkopo au ninunue tuktuk?*
Msomaji, Changamwe

Kuhusu tuktuk hatuna la kusema bila kuona njia utakayoiendesha. Kuhusu mkopo tunaweza kukuonyesha. Mwisho wa mwaka wa kwanza deni la mfano ni Sh4,950,800. Ukitia Sh300,000 na kuendelea na rejesho lile lile, mkopo unaisha miezi 50 mapema. Marejesho 50 ni milioni 3.1, toa laki tatu zako, umeokoa milioni 2.8. Laki tatu hizo ukizitia mwaka wa 15 zinaokoa kidogo sana, kwa maana zimebakiwa na miaka michache ya kuzuia riba. Pesa ya ziada ina nguvu mwanzoni.

Vile vile kidogo kidogo. Sh10,000 juu ya rejesho kila mwezi tangu siku ya kwanza hufanya miaka 20 iwe karibu 12, na kuokoa zaidi ya milioni 4.6.

Kinachoharibika mara nyingi ni kwamba mtu anaweka pesa kwenye akaunti ya mkopo bila maelezo, na mashine inazihesabu kuwa marejesho ya miezi ijayo. Zinakaa pale, kila mwezi linakatwa fungu, na riba inaendelea juu ya deni zima. Andika barua yenye maneno haya: pesa hizi zipunguze deni la msingi leo, rejesho libaki lilivyo, muda ufupishwe. Wiki mbili baadaye itisha jedwali jipya ulinganishe salio.

Usisahau kusoma kipengele cha kulipa mapema. Sheria ya Ardhi inaruhusu mkataba umtake anayefuta rehani kabla ya wakati atoe notisi ya mwezi 1 na alipe riba isiyozidi ya mwezi 1. Ukiona mkataba unadai zaidi ya hapo, mwonyeshe wakili kabla ya kutia sahihi. Na bakisha akiba ya miezi mitatu ya marejesho nje ya mkopo. Ukishaitia benki hairudi.

*Mimi sitaki riba. Benki ya Kiislamu yasema hakuna riba, lakini malipo ya mwezi nayaona ni kama yale yale. Tofauti iko wapi?*
Msomaji, Kibokoni

Tofauti iko katika mkataba, na tofauti ya mkataba si ndogo, lakini mfuko hautaipata kila mara. Taasisi kama Gulf African Bank, iliyoanza 2008, hutumia mara nyingi musharaka inayopungua: wewe na benki mnanunua nyumba pamoja, tuseme wewe 20 na benki 80 kwa mia. Unaikodi sehemu ya benki, na kila mwezi unanunua kipande chake. Sehemu yao ikipungua, kodi nayo inapungua, mpaka nyumba nzima iwe yako. Katika murabaha benki inanunua na kukuuzia kwa bei ya juu iliyotajwa, na bei hiyo haipandi tena.

Maswali ya kuuliza ni haya. Kodi ya sehemu ya benki inapitiwa upya kila baada ya muda gani, na inafungwa na kipimo gani? Ikiwa inafuata kiwango cha soko, itapanda kama riba ya jirani yako. Nyumba ikiungua, nani anabeba hasara ya sehemu ya benki? Takaful, yaani bima ya Kiislamu, analipa nani? Ukichelewa, pesa ya adhabu inakwenda wapi; kwa kawaida huelekezwa kwenye sadaka wala haiwi faida ya benki, lakini wewe umeitoa vile vile. Ukitaka kununua sehemu yote mapema, bei ni ya leo au ya siku ya mkataba? Na omba jedwali, kama tulivyomwambia yule wa Tudor. Uhalali wa mkataba muulize mwanachuoni unayemwamini. Jumla yake ipige mwenyewe.

*SACCO wananipa asilimia 12, wakala mwingine ananipa 10. Si wazi nichukue ya 10?*
Msomaji, Likoni

Uliza kumi ya nini. Kama ni asilimia 10 ya mkopo wa mwanzo kila mwaka bila kujali umelipa kiasi gani, basi milioni 1 kwa miaka 5 inazaa riba ya Sh500,000 na rejesho la Sh25,000. Ukiibadilisha iwe ya salio linalopungua, hiyo ni karibu asilimia 17.3. SACCO nyingi hutoza asilimia 1 kwa mwezi juu ya salio, na hiyo 12 yao ni ya kweli. Ila SACCO itataka wadhamini, na shemeji aliyekudhamini hukaa kwenye deni lako pamoja nawe.

*Nyumba yetu ya Majengo ni ya urithi, nyumba bila ardhi. Tunaweza kuiweka rehani tuibomoe tujenge ghorofa?*
Msomaji, Majengo

Benki haitakubali. Rehani huandikwa juu ya hati ya ardhi, na nyinyi mna kuta na paa. Ardhi ni ya mwingine mnayemlipa kodi ya kiwanja. Kujenga ghorofa kwa deni juu ya ardhi isiyo yenu ni kumjengea yeye. Anzeni kwa kumwomba mwenye ardhi awauzie kiwanja, hata kwa kuchangishana ndugu wote, kisha hati iandikwe kwa majina ya warithi wote kabla ya kuongea habari ya mkopo.

*Mume wangu amekosa marejesho miezi miwili. Nyumba iko kwa jina lake. Dalali atakuja lini?*
Msomaji, Kisauni

Sio kesho, lakini msikae. Baada ya kukosa kwa mwezi mmoja benki inaweza kutoa notisi ya kwanza, inayowapa muda usiopungua miezi 3 ya kusawazisha. Msipolipa inatoa notisi ya kuuza ya siku zisizopungua 40. Kisha dalali hutoa yake ya siku 45. Ikikosekana notisi mojawapo au ikipelekwa anwani isiyo sahihi, mahakama inaweza kusimamisha mnada, na ndio maana mbadilishe anwani benki kila mnapohama.

Wewe mwenyewe, kama hiyo ndiyo nyumba ya ndoa, rehani ilihitaji idhini yako. Kama hukutia sahihi, nenda kwa wakili wiki hii na cheti cha ndoa. Bei ya mnada nayo ina kinga: benki ina wajibu wa kutafuta bei nzuri inayowezekana, na nyumba ikiuzwa chini ya thamani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, benki inachukuliwa kuwa imekiuka wajibu huo mpaka ithibitishe vingine. Na deni lililokufa halikui bila mwisho: kwa kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, tangu 2007, riba inayoongezeka baada ya mkopo kuacha kulipwa haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo.

Lakini nusu ya safari hii mnaweza kuikwepa kwa kwenda benki sasa, kabla ya notisi ya kwanza, na karatasi ya mapato ya kweli. Ombeni marejesho yapangwe upya, au miezi michache ya kulipa riba peke yake. Kama mnaona hayatalipika, ombeni ruhusa muuze wenyewe kwa mnunuzi mliyemtafuta. Bei ya mwenye nyumba na bei ya mnadani, hapa Mombasa, hazikutani.